Nguzo Nne za Mlima Pisga

Sandersville, Georgia
9 Februari 1997

Baba Mkubwa Otha,

Nakusalimu mapema kabla hujalalamika kwamba nimeanza na shida kabla ya salamu. Huku baridi imelegea na maua ya kamelia yameanza kufunguka, ila Mama anayatazama dirishani tu kwa sababu ya goti. Anasema nikuambie kwamba goti lake limemzidi umri kwa miaka kumi. Jumatano alipika sukuma na mkia wa nguruwe, akasema angekuwepo Otha angemaliza sufuria nzima kisha aseme chumvi haikutosha. Dada Maxine msalimie, na umwambie barua yake ya Krismasi ilifika.

Sasa jambo lenyewe. Nguzo nne za mbele ya kanisa zimekwisha. Shemasi Tarver alichomeka bisibisi kwenye nguzo ya pili mbele ya wazee wote, ikazama mpaka kwenye mpini. Mti umekuwa kama mkate uliolowa. Kanisa limepiga kura, na mwezi ujao tunaletewa nguzo mpya za fibaglasi, ile ile wanayotengenezea boti. Zina urefu wa futi kumi na mbili na ndani ni tupu. Shemasi anazisifu kwamba haziliwi na mchwa wala hazinywi mvua.

Hilo ningelimeza. Lakini akaendelea kusema kwamba kwa kuwa si za mti, tuite kampuni ya Macon yenye mashine ya kupulizia rangi, wamalize kwa siku moja. Nilisimama. Nikawakumbusha kwamba tangu mwaka 1931 nguzo za kanisa letu la Mlima Pisga zimepakwa na mtu wa ukoo wa Pettigrew: Babu Columbus, kisha wewe na Baba, kisha wewe peke yako, na miaka tisa hii mimi. Tarver akanijibu taratibu, kwa ile sauti yake ya kuomba sadaka: "Dada Vernita, hatubishani na historia. Lakini historia hiyo ilikuwa ya mbao." Watu wakacheka.

Mwishowe wamenipa nafasi. Mwisho wa Juni kamati itakuja kukagua. Wakikuta kasoro, watu wa Macon wataifanya upya kabla ya Jumapili ya Kurudi Nyumbani, tarehe kumi Agosti, na kazi ile haitarudi kwetu tena. Unajua watu hufika kutoka Chicago na Cleveland na Philadelphia, na kitu cha kwanza anachokitazama kila mtu akishuka garini ni nguzo zile.

Kwa hiyo nakuuliza, maana sina mwingine: kitu ambacho hakikuwahi kuwa mti hupakwa vipi?

Na swali la pili. Umekosa miaka mitatu mfululizo. Mwaka huu utakuja?

Mwanao,
Vernita

*

Detroit, Michigan
2 Machi 1997

Bi Ngazi,

Bado nakuita hivyo, na utakuwa hivyo mpaka uzeeke, kwa kuwa jina ulijitafutia mwenyewe ulipopanda ngazi yangu na miaka yako saba ukakataa kushuka. Nimechelewa kujibu kwa sababu theluji ilitufungia ndani na Maxine hakuweza kwenda posta. Si kwamba nilikuwa mgonjwa. Akikuambia nilikuwa mgonjwa, jua anapenda kumhangaikia baba yake bure. Ananipikia bata mzinga bila chumvi, sasa hivi najua adhabu ya jehanamu ina ladha gani. Mwambie mama yako goti alisugue na mafuta ya kafuri, aache kukaa dirishani kama polisi.

Fibaglasi! Ukistaajabu ya Musa utayaona ya Firauni. Nimeishi miaka sabini na minane ili nisikie nyumba ya Mungu imeshikiliwa na mabaki ya boti. Unakumbuka nilivyokufundisha kugonga nguzo kabla ya kufungua kopo. Mti mzima hukujibu, mti uliooza hunyamaza. Hizo mpya ukizigonga zitapiga kelele, maana debe tupu haliachi kuvuma, na ndiyo sababu Tarver amezipenda.

Lakini umesimama mbele ya watu ukataja jina la baba yangu. Barua hiyo nimeomba nisomewe mara mbili. Namaanisha nimeisoma mara mbili.

Sikiliza sasa. Anza kama tulivyoanza siku zote. Pasha mafuta ya kitani moto kidogo, paka kila nguzo kwa kitambaa, uiache inywe siku tatu. Kisha rangi ya mafuta, mikono mitatu, mmoja juu ya mwingine. Na weupe usiwe wa hospitali. Kwenye kila galoni tia tone moja la rangi nyeusi, tone moja tu, ukoroge mpaka mkono uume. Nyeusi kidogo ndiyo inayoufanya weupe usigeuke manjano. Hiyo ni siri ya baba yangu, na wale wa Macon hawaijui.

Usisahau kidole. Nguzo ya nne, nyuma, chini kabisa, mahali ambapo hakuna anayeinama. Baba alibonyeza gumba lake kwenye rangi mbichi mwaka 1931, mimi nikaliweka langu kando yake mwaka 1946 niliporudi kutoka jeshini, na kila tuliporudia rangi tulilizungukia eneo lile bila kulifunika. Hizo nguzo za zamani wamezipeleka wapi? Usiwaache wazitupe kabla hujaniandikia.

Kazi huzungumzwa kwa barua. Simu ya Maxine iko sebuleni na kila neno linasikika.

Baba yako mkubwa,
Otha Pettigrew

*

Sandersville
6 Aprili 1997

Baba Mkubwa,

Salamu za Mama na za goti. Hali ya hewa imefunguka, misonobari imechanua, magari yote mjini yamekuwa manjano kwa ile chavua yake na nusu ya kwaya wanapiga chafya. Pasaka ilikuwa njema. Nilivaa ile kofia ya zambarau, na Mama aliimba ubeti wa kwanza peke yake akiwa amekaa.

Barua yako ilifika tarehe ishirini Machi. Nguzo za zamani zilikuwa zimeshushwa tarehe kumi na nane, lori likazipeleka jalalani. Naomba usiniulize zaidi kuhusu hilo.

Mpya zimesimama. Ni za kijivu, laini kama sahani, na zinang'aa kidogo. Nilizigonga. Ulisema kweli kuhusu debe.

Mafuta ya kitani nilipaka Jumatatu iliyopita kama ulivyoelekeza. Leo ni Jumapili. Kwani huchukua siku ngapi kukauka juu ya kitu kisichokunywa? Nauliza tu. Mengine yote ni mazuri, na hakuna la kukutia wasiwasi.

Hujanijibu kama utakuja.

Vernita

*

Detroit
27 Aprili 1997

Mwanangu Vernita,

Huu ni mwandiko wa Maxine kwa sababu mkono wangu umevimba, ni baridi yabisi tu. Yeye anaandika, mimi nasema, na ameapa kutoongeza neno lake. Huku theluji imekwisha. Nimekaa kibarazani mara mbili. Jirani ana mbwa anayebweka akisikia kikohozi changu, na tumeshaanza kuzoeana.

Hakuna la kunitia wasiwasi, ulisema. Mama yako alimpigia simu Maxine Jumanne, na sebule nzima ikasikia. Kumbe mafuta yalikaa pale juu yananata kama asali, na chavua ya misonobari ikaja ikajibandika nguzo zote nne tangu juu hadi chini, zikawa na manyoya ya manjano kama vifaranga. Kumbe Tarver alisimama barabarani akauliza kama Wapettigrew sasa wanapaka kanisa haradali. Kumbe umeshinda siku mbili juu ya ngazi unazifuta, na watu wanapita wanakupungia mkono. Yote hayo, wewe ukaniandikia kuhusu kofia ya zambarau.

Najua kwa nini ulinificha. Hukutaka kumwambia mzee kwamba mzee amekosea. Basi nitajiambia mwenyewe: nilikosea. Miti yote niliyopaka maishani ilikuwa na kiu, nikafikiri kila kilicho wima kina kiu. Kosa ni langu, si lako, na mtu wa Georgia aliyekuambia upake mafuta wakati misonobari inachanua anastahili kuchapwa, maana hata mtoto wa huko anajua. Nimekaa mbali mno. Tarver usimwambie kitu.

Sasa sina cha kukufundisha kuhusu hizo nguzo. Nenda kwa mtu anayekijua kitu hicho, kisha usikilize mkono wako. Mkono wako ni mzuri. Sikuwahi kukuambia, nikidhani unajua.

Otha
(Mimi Maxine nimeandika kila neno kama alivyosema. Hayo ya mwisho aliyarudia.)

*

Sandersville
18 Mei 1997

Baba Mkubwa,

Nimeisoma barua yako nimesimama nje kwenye sanduku la posta, nikalia pale pale. Nimeona nikuambie, maana ukoo huu tumezidi kufichana. Mama hajambo, ameanza kutembea hadi bustanini. Anaomba msamaha kwa ile simu lakini uso wake haumo katika msamaha huo.

Pole kwa mkono. Ila baridi yabisi uliyonayo ni ya ajabu, imevimbisha vidole vya mzee aliyeshika brashi miaka hamsini, tena ikasubiri theluji iishe kwanza.

Nilikwenda ziwani kwa mzee anayepaka boti. Aliniambia makosa yangu kabla sijashuka garini. Fibaglasi hainywi chochote, inashika tu, kwa hiyo lazima uipe sababu ya kushika. Basi nilifuta mafuta na chavua yote kwa spiriti na vitambaa mpaka kitambaa kikatoka safi. Kisha msasa laini, kwa mkono mwepesi, kuondoa mng'ao tu bila kuichubua. Nikaosha, nikaacha ikauke, nikafuta tena. Ndipo nikapaka praima, ile rangi ya chini maalumu ya kung'ang'ania vitu laini. Kesho yake nilijaribu kuikwangua kwa ukucha, ukucha ukakata tamaa.

Na si rangi ya mafuta. Usikasirike. Jua letu likiipiga fibaglasi inatanuka, ikipoa inanywea, na rangi ya mafuta ikishakauka huwa ngumu kama ganda la yai. Ndani ya miaka miwili ingepasuka. Nimechagua rangi ya maji, ile ya akriliki ya nje, inayovutika pamoja na nguzo.

Kisha likaja la Tarver. Alitaka rangi ya kahawa iliyokaangwa, kwamba inaficha vumbi, na akina mama wawili wa kamati walishaanza kumwelekea. Sikubishana. Mzee wa ziwani alinipa vipande viwili vya fibaglasi, nikapaka kimoja cheupe na kimoja kahawa, nikaviweka kwenye ngazi za kanisa kabla ya ibada. Tulipotoka saa saba nikamwomba shemasi aweke kiganja kwenye cheupe. Akaweka. Nikamwomba ahamie kwenye kahawa. Aliutoa mkono kwa kasi ambayo sijawahi kuiona wakati wa kutoa sadaka.

"Nguzo ya rangi hiyo itapinda, Shemasi," nikamwambia.

Akapuliza kiganja chake. "Dada Vernita," akasema, "hoja yako imenifikia."

Kwa hiyo ni nyeupe. Nina vipande saba vya weupe tofauti ubaoni na sijaamua. Nimeweka picha humu uone praima ilivyokaa. Niambie unaonaje.

Na utakuja?

Vernita

*

Detroit
15 Juni 1997

Bi Ngazi,

Leo ninaandika kwa mkono wangu, Maxine yuko kazini. Mistari ikipanda mlima usicheke. Leo ni siku ya akina baba, naye amenipa kofia ya majani makavu, inanitosha. Yule mbwa wa jirani amekufa na nimesikitika kuliko nilivyotarajia.

Picha nimeiona. Nguzo zimesimama wima na praima imekaa sawasawa. Lakini picha haisemi weupe. Ukishachagua, niambie kwa maneno.

Nilicheka kiganja cha Tarver mpaka nikakohoa. Rangi ya maji sijaisamehe, lakini nimekaa nayo siku kadhaa, na naona kwamba baba yangu naye angeikubali, kwa sababu yeye hakuipenda rangi, aliipenda kazi isiyorudi kumwaibisha.

Nikuambie kitu ambacho hatukuwahi kuzungumza juu ya ngazi. Baba alipaka nguzo za nyumba zote kubwa za Wazungu za mtaa ule wa juu mjini. Nguzo sita, nguzo nane, nyingine hazikumbatiwi na watu wawili. Watu walitoka Augusta kuja kuzitazama. Na kila akimaliza alizunguka kwenda mlango wa jikoni, maana kati ya nguzo zile hakuruhusiwa kupita. Alizipaka zikang'aa, kisha hakuziona tena ila akiwa barabarani. Mlima Pisga walipojenga kanisa na kusimamisha nguzo nne, alikataa kusaidiwa. Alipaka wiki mbili. Jumapili alivaa suti, akapita katikati, polepole, kwa mlango wa mbele, na mimi nimemshika mkono. Nilikuwa na miaka kumi na miwili. Alisimama mlangoni akageuka, akatuambia mimi na baba yako: "Hizi ndizo zangu." Hakuwa mtu wa maneno. Hayo ndiyo niliyonayo.

Kuhusu Agosti. Safari ni ndefu, kiuno hakinipendi, na watu wana macho na midomo. Mtu anataka akumbukwe alivyokuwa. Naona mwaka huu pia nisamehewe. Wapake tu hao wa Macon wivu.

Otha

*

Sandersville
13 Julai 1997

Baba Mkubwa,

Hatujambo, na joto ni lile la kukausha nguo ukiwa umezivaa. Mama ametengeneza jamu ya pichi chupa kumi na nne, mbili zina jina lako, na amesema haitumwi kwa posta, mwenye jamu aifuate.

Nimemaliza. Kibaraza kinatazama mashariki, kwa hiyo asubuhi nilikaa na kahawa yangu nikangoja, na kila jua lilipovuka paa nikaanza, kivulini, nguzo moja kwa mchana. Rola kwanza, kisha brashi ikiifuata kabla rangi haijashtuka ikaanza kukauka, mkono mmoja tangu juu mpaka chini bila kusimama, kama ulivyonifundisha. Mikono miwili myembamba. Ile minene uliyozoea haitakiwi.

Umeniomba weupe kwa maneno. Si weupe wa jokofu, na hauna umanjano wa siagi. Unakumbuka ule udongo mweupe wa machimbo yetu, ukiukata kwa sepeto baada ya mvua, kabla haujakauka? Ndio huo. Una baridi kidogo ndani yake. Nilitia tone la nyeusi kwenye kila galoni, tone moja, na mkono uliuma.

Kamati ilikuja Jumamosi ya mwisho ya Juni. Tarver alileta tochi mchana kweupe. Alizunguka kila nguzo, akapanda ngazi yangu, akapitisha kidole kwenye viungo vya juu na chini nilivyoziba, akachungulia nyuma. Nusu saa nzima mimi nilisimama na brashi mkononi kama mtu anayengoja hukumu. Aliposhuka akazima tochi, akaitia mfukoni, akavua kofia. Akasema: "Waambie Macon wasije." Kisha akaongeza, bila kunitazama, kwamba anamkumbuka Babu Columbus, na kwamba alipokuwa mdogo alikuwa akimwogopa. Kazi imebaki kwetu.

Sasa nisikilize. Jana nilifungua Biblia yangu kwenye Zaburi nikaikuta picha ya nguzo. Ilikuwa humo tangu Mei. Picha niliyokutumia kwa bahati mbaya ni ya Mama akiwa bustanini, ameshika mafungu mawili ya sukuma. Ukaniandikia kwamba amesimama wima na praima imekaa sawasawa.

Sitauliza chochote, na Maxine sijampigia. Nakuambia hivi tu. Watu wana macho na midomo, ni kweli, na wengi wao ulipaka nyumba zao. Hakuna atakayekushika mkono kama hutaki. Nguzo ya nne, nyuma, chini, nimeacha mahali pa ukubwa wa kiganja bila mkono wa pili wa rangi. Kopo nimelihifadhi. Gumba langu siliweki kabla ya lako.

Nguzo hizi sikuzipaka kwa ajili ya kutazamwa tu. Njoo uziguse.

Vernita

*

Detroit
24 Agosti 1997

Mwanangu Vernita,

Anaandika Maxine, na safari hii sina mkono uliovimba. Ni presha ya macho. Ilianza miaka minne iliyopita pembeni, ikaja katikati. Sasa hivi naona mwanga na vivuli, na mtu akisimama mbele yangu naona pametiwa giza kidogo. Nimelisema, na dunia haikuanguka. Jamu ya pichi tumemaliza chupa moja. Mama yako mwambie sukuma zake katika ile picha, Maxine anasema, ni nzuri kuliko praima yoyote.

Nilikuwa nimeamua kutokuja. Barua yako Maxine alinisomea kibarazani, alipofika kwenye picha akaitafuta ile niliyoificha kwenye droo kabla hajaitazama, akaanza kucheka na kulia kwa pamoja, nami nikaona aibu niliyokuwa nikiilinda miaka yote ile imeshaondoka yenyewe. Kesho yake nikamwambia apeleke gari kwa fundi.

Nataka nikuandikie yale yaliyonipata pale kanisani Jumapili ya Kurudi Nyumbani, kwa sababu siku yenyewe palikuwa na watu wengi na kuku wa kukaanga wengi mno, sikupata nafasi.

Ulinifikisha ngazini ukaniwekea mkono kwenye nguzo ya kwanza, ukauachia. Nakushukuru kwa kuuachia. Nilipitisha kiganja chini hadi juu nilikofika. Nimepaka miaka hamsini na siwezi kusema niliwahi kuacha uso kama ule. Hapakuwa na mfereji wa brashi, wala chozi la rangi, wala mahali ulipochoka. Na ilikuwa baridi, saa nne asubuhi ya Agosti, jua limeipiga tangu alfajiri. Hapo nikaelewa kiganja cha Tarver.

Kisha nikaigonga, maana mkono una mazoea. Debe. Ya pili debe. Ya tatu debe. Nilishajiandaa kukutania. Nikafika ya nne, nikazunguka nyuma, nikainama mpaka kiuno kikalalamika, nikagonga chini.

Ikanijibu mti.

Nikagonga tena. Sikuwa nimekosea. Mti wa msonobari wa zamani, mkavu, mzima, ule usiopatikana tena. Ulisimama nyuma yangu, na pumzi yako niliisikia. Kumbe kabla lori halijaenda jalalani, siku mbili kabla barua yangu haijafika kukuomba, ulishakata kile kipande chenye alama za vidole vyetu. Kumbe kilikuwa bado kizima, kimezungukwa na uozo wote ule, chini ya vidole viwili. Ukakikausha, ukakipaka kisinyonye unyevu, ukakigandisha ndani ya fibaglasi kabla haijasimamishwa. Nami wiki zote zile nikiita nguzo zako tupu.

Halafu ukaweka rangi mbichi na brashi, ukanielekeza gumba. Nililibonyeza hasa. Nilijua upande wa pili, unene wa kidole kutoka langu, kuna la baba yangu. Nikakuvuta nawe uweke lako, na nililipapasa pembeni ili nijue halikwenda mbali na langu.

Tarver alikuja kunisalimia, akaniuliza mbele ya watu wote wa Chicago kama nimeridhika na kazi. Wewe ulikuwa umeshaenda kumsaidia mama yako na sahani, kwa hiyo hukusikia. Nilimshika bega, nikapita naye katikati ya nguzo, polepole, nimevaa suti, mpaka mlango wa mbele. Nikageuka. Nikamwambia: "Hizi ndizo zake."

Rangi bado iko kwenye mistari ya gumba langu. Maxine anataka kuitoa kwa sabuni ya vyombo na nimemkatalia.

Baada ya miaka minane au tisa zitataka mkono mpya. Ukifika wakati huo usiniandikie kuniuliza, mwandikie yeyote atakayekuuliza wewe. Na lile debe langu la mafuta ya kitani lililo bandani kwa mama yako, limwage, uhakikishe misonobari haijachanua.

Baba yako mkubwa,
Otha